Simba anakauka miguu akiona geti la daktari wa mifugo. Chanjo na kucha vinakaribia, nifanyeje?

MamaRahma_Walukuba aliandika:

Habari zenu wapenzi wa wanyama. Niko Walukuba, Jinja. Tuna mbwa dume anaitwa Simba, mchanganyiko wa mbwa wa kienyeji na German Shepherd, ana miaka minne. Nyumbani ni mpole hadi watoto wa jirani wanamvuta masikio na hasemi kitu. Usiku analinda, mchana anashinda bandani kwake au chini ya mwembe.

Shida ni daktari. Akiona tu ile kamba imetoka nyuma ya mlango, anaingia chini ya tangi la maji na hatoki. Mara ya mwisho tulimpeleka kwa gari la kukodi. Njia nzima alitokwa na mate mpaka kiti kikalowa. Kufika getini akakaza miguu yote minne, kucha zikakwaruza saruji. Vijana watatu wa pale wakamkamata, mmoja shingo, mmoja kiuno, wa tatu akamfunga mdomo kwa kamba ya katani, wakamnyanyua na kumlaza kwenye meza ya bati. Akajikojolea. Sindano yenyewe haikuchukua hata dakika. Waliponiuliza kama wamkate na kucha nikasema hapana, tunaondoka. Sasa zile kucha mbili za juu za miguu ya mbele, zisizogusa chini, zimejikunja zinaelekea kwenye nyama.

Tangu siku ile hata mume wangu akimshika mguu, Simba ananguruma. Hajawahi kumng'ata mtu. Kadi yake ya chanjo ya kichaa cha mbwa inaisha muda mwezi ujao, na sitaki aikose, maana mbwa wanaorandaranda mtaani kwetu ni wengi na watoto wanapita njia hiyo hiyo kwenda shule.

Naomba uzoefu wa hapa kwetu. Video za Ulaya nimeziangalia, watu wana bustani, wana gari lao, wana kila kifaa. Mimi nina ua wa saruji, mwembe mmoja na watoto watatu. Pia tuna paka jike, Pili, nataka kumpeleka akafungwe uzazi. Wenye paka nanyi semeni.

---

Kijana_wa_Masese alijibu:

Mama, mbwa ni mbwa. Mfunge mdomo vizuri, washike wanaume wenye nguvu, dakika mbili mambo yamekwisha. Kesho yake ameshasahau. Kumbembeleza ndiko kunamharibu.

---

Afande_Mstaafu_Tororo alijibu:

Mama Rahma, salaam. Kijana wa Masese, nawe salaam, lakini hilo la kusahau si kweli na nakuomba usimshauri mtu hivyo tena. Simba ameshajibu swali hilo mwenyewe: kamba inatoka nyuma ya mlango, yeye yuko chini ya tangi. Huyo hajasahau kitu.

Nilikuwa mwongoza mbwa katika polisi mpaka nilipostaafu, sasa niko Tororo na mbwa wangu wawili wa nyumbani. Mbwa wa kazi lazima akubali kukaguliwa na mwongozaji wake kila siku: masikio, meno, katikati ya vidole, chini ya mkia. Ni mnyama mwenye nguvu za kumwangusha mtu mzima, na bado anasimama akakaguliwa, kwa sababu mkono unaomgusa anaujua tangu akiwa mdogo. Mbwa wengi wa ulinzi wa majumbani mwetu hawana bahati hiyo. Mchana bandani, usiku uani, mwaka mzima hakuna anayemshika unyayo wala kumfunua mdomo. Halafu siku moja anafungwa kamba, anaingizwa garini, anakamatwa na watu asiowajua, anachomwa. Kwake yeye kamba, gari, meza na harufu ya spiriti vimekuwa kitu kimoja. Yule Mrusi Pavlov, aliyepewa Tuzo ya Nobel mwaka 1904 kwa utafiti wa mmeng'enyo wa chakula, aliona mbwa wake wakidondosha mate kabla chakula hakijafika, kwa dalili tu kwamba kinakuja. Mwili hujifunza hivyo kwa chakula, na hujifunza hivyo hivyo kwa maumivu. Simba anaweza kufundishwa upya kwa njia ileile, ila kazi hiyo hufanyika siku ambazo hakuna daktari. Siku ya sindano yenyewe hufundishi kitu, unapita tu.

Tafuta chakula cha kazi. Achana na biskuti za mbwa za sapamaketi. Nunua maini ya ng'ombe, yachemshe bila chumvi wala kitunguu (kitunguu kinamdhuru mbwa), ukate vipande vidogo vya ukubwa wa punje ya haragwe. Mukene, wale dagaa wadogo wa ziwani, nao wanafaa sana, uwapepete mchanga kwanza. Muhimu ni kwamba kitu hicho asikipate wakati mwingine wowote, wala kwenye posho yake ya jioni wala kwa mtoto anayepita na sahani. Kiwe cha kazi hii peke yake.

Sasa soma hapa taratibu, maana mpangilio ndio kila kitu. Mkono kwanza, chakula baadaye. Kaa naye chini ya huo mwembe, ubavuni kwake, usimkabili usoni. Weka kiganja begani kwake, mahali asipokuwa na wasiwasi napo, kwa sekunde moja. Ondoa mkono, ndipo umpe ini. Rudia. Ukianza kwa kumwonyesha ini ili kumlaghai, halafu ukamshika, baada ya muda ini lenyewe litakuwa dalili ya balaa, na utamwona anakikimbia chakula anachokipenda. Mkono ukitangulia, itafika siku utaweka kiganja begani naye atageuza kichwa akutazame, masikio yamelegea, mdomo umefunguka kidogo, anasubiri chake. Ukiona hivyo, songa: kutoka bega hadi kiwiko, kiwiko hadi kifundo, kifundo hadi unyayo, unyayo hadi kidole kimoja. Akiuvuta mguu, amekuambia umekwenda mbio. Rudi kiwikoni, usimng'ang'anie. Na uache wakati bado anataka kuendelea. Dakika chache asubuhi na dakika chache jioni zinatosha kabisa, tena mwanzoni awe mtu mmoja tu, wewe au baba Rahma, yule anayemwamini zaidi.

Jifunze kumsoma. Mbwa mwenye hofu huanza kuongea mapema sana kabla ya kunguruma. Analamba midomo na hakuna chakula. Anapiga miayo na hana usingizi. Anageuza uso, lakini jicho linabaki kwako mpaka unaona weupe wake pembeni. Mkia unaingia tumboni, anahema na hakuna joto, manyoya yanapukutika mkononi mwako, anakataa ini alilokuwa analidaka. Ukiona mojawapo, punguza, rudi hatua moja nyuma.

Usimwadhibu kwa kunguruma hata siku moja. Nasema kwa uzito. Simba anaponguruma baba Rahma akimshika mguu, anatoa taarifa kwa adabu kabisa: hapa ninaogopa. Mbwa anayepigwa kwa kunguruma huacha kunguruma, hofu inabaki palepale, na siku inayofuata anang'ata bila kutoa onyo. Watu husema mbwa huyo amegeuka ghafla. Hakugeuka. Alinyamazishwa.

Mguu ukishashikika, mfundishe sindano isiyo na sindano. Vuta kidogo ngozi ya juu ya bega kwa vidole viwili, achia, ini. Kisha ivute na uguse hapo kwa kifuniko cha kalamu ya biro, ini. Kisha bomba la sindano lisilo na ncha, ini. Chukua pamba yenye tone la spiriti uiweke hatua kadhaa kutoka kwenye bakuli lake wakati anakula, kesho isogeze kidogo. Usimpelekee puani, ile harufu ni kali mno kwake. Na ile kamba iliyo nyuma ya mlango, itoe kila siku bila kwenda popote. Itoe, ini, irudishe. Baadaye mfunge, zunguka naye mwembe, mfungue. Hadi kamba iache kuwa habari mbaya.

Kifunga mdomo. Hiyo kamba ya katani inaufunga mdomo kabisa, na mbwa hupoza mwili kwa kuhema. Ukimziba kwa muda mrefu kwenye joto la mchana wa Jinja, naye yuko kwenye hofu, anaweza kuzidiwa na joto. Tafuta kile cha umbo la kikapu, cha plastiki au cha waya, anachoweza kuhema, kunywa maji na kupokea ini akiwa nacho. Paka maini yaliyopondwa ndani kwenye ncha, kishike mkononi, umwache aingize pua mwenyewe na kuitoa mwenyewe. Usimvalishe. Aingie. Kufunga mkanda wa nyuma ni hatua ya mwisho kabisa, tena sekunde chache za kwanza ukiwa unamlisha mfululizo. Mbwa aliyefundishwa hivi hukimbilia kifunga mdomo kwa furaha, na daktari naye anafanya kazi kwa utulivu kwa sababu haogopi kung'atwa. Daktari mwenye hofu hushika kwa nguvu, nguvu hiyo inamtia mbwa hofu zaidi, na hapo ndipo wanapoitwa vijana watatu.

Halafu nenda kliniki siku ambazo hakuna kitu. Ongea nao kwanza kwa simu. Fika hadi pale ambapo Simba bado anakula, hata kama ni upande wa pili wa barabara, mpe ini, geuka, rudini nyumbani. Siku nyingine sogea karibu na geti. Siku ya kweli subiri nje chini ya mti badala ya ndani kwenye benchi pamoja na mbwa wengine, na umwombe daktari kama anaweza kumchoma akiwa amesimama chini. Meza ya bati inateleza, na mbwa anayeteleza anadhani anaanguka. Kama lazima iwe mezani, beba gunia safi au ile mati ya mpira ya gari, mtandikie.

Kuhusu kubembeleza, kijana wangu wa Masese: hofu si tabia inayoongezeka kwa kupewa zawadi. Mbwa akiogopa na akaja kwako, msugue kifua polepole, ongea naye kwa sauti ya chini. Humharibu.

Za kucha nitarudi kuandika jioni, hizo zinahitaji nafasi yake.

---

Mhudumu_Mifugo_Mbale alijibu:

Nashukuru Afande, umenipunguzia maneno. Mimi ni mhudumu wa afya ya mifugo, nafanya kazi zaidi na ng'ombe na mbuzi lakini mbwa wananijia kila wiki. Naongeza ya kitabibu.

Kwanza, mbwa aliyekuwa anashikika na ghafla hashikiki anaweza kuwa na maumivu. Kwa Simba sababu inajulikana, hata hivyo hizo kucha zilizojikunja zinaweza kuwa zinamuuma tayari, ndiyo maana ananguruma ukishika mguu. Mwangalie pia ndani ya masikio kama kuna harufu au uchafu mweusi, na katikati ya vidole kama kuna kupe. Kupe hupenda sana kujificha hapo, na hapa kwetu ndio wanaowaletea mbwa homa za damu.

Pili, utulivu unatusaidia hata sisi kupima. Joto la kawaida la mbwa ni kama nyuzi 38.3 hadi 39.2. Akifika anatetemeka na kuhema, joto linapanda, moyo unakimbia, na hatujui tena kama ni ugonjwa au ni hofu. Kwa paka hata sukari ya damu hupanda kwa hofu peke yake, anaweza kuonekana ana kisukari na hana.

Tatu, dawa. Kuna mbwa na paka ambao hofu yao imekwenda mbali kiasi kwamba mafunzo peke yake hayatawahi tarehe ya chanjo. Hapo muulize daktari kuhusu dawa ya kupunguza hofu ambayo mnyama anapewa nyumbani saa chache kabla. Gabapentini hutumika sana kwa paka, trazodoni kwa mbwa. Kipimo anatoa daktari kwa uzito wa mnyama, na ni vizuri kuijaribu siku ya kawaida kwanza ili mjue inamfanyaje. Asikuandikie mtu wa duka la dawa kwa makisio: gabapentini ya maji iliyotengenezwa kwa ajili ya binadamu, nyingine ina zailitoli, kitia utamu ambacho ni sumu kwa mbwa. Asepromazini, dawa nyingine ya kutuliza, ikitumika peke yake inalegeza mwili, lakini hofu inaweza kubaki ndani. Mbwa amelala chini, bado anasikia na kuogopa kila kitu, ila hawezi kukuonyesha.

Naona watu wanawapa mbwa Piriton, ile dawa ya mzio ya binadamu, wapate kusinzia. Msifanye hivyo kwa kukisia. Pombe ya aina yoyote msimpe. Na paracetamol kwa paka ni kifo. Nusu kidonge inaweza kumuua, maana ini lake haliwezi kuivunja dawa hiyo.

Nne, daktari kuja nyumbani. Kwa mbwa wa Walukuba anayetokwa na mate garini, mimi ningeanza na hilo. Ila msimchomee bandani kwake wala chini ya mwembe anapofanyia mafunzo. Chagueni kona nyingine ya ua, ili mahali pake pa kulala na pa kufundishiwa pabaki salama.

Na kwa yeyote: mbwa au paka akikung'ata au kukukwaruza katika purukushani hizi, osha jeraha kwa maji yanayotiririka na sabuni dakika 15 kamili, kisha nenda kituo cha afya siku hiyo hiyo hata kama unamjua mnyama. Kichaa cha mbwa kikishaanza kuonyesha dalili kwa mtu, karibu hakuna anayepona. Msingoje kuona.

Wenye watoto wa mbwa, anzeni sasa. Kati ya wiki ya 3 na ya 14 hivi ndipo ubongo wao unapokea mambo mapya kwa urahisi. Mshike kucha, mfunue masikio, mpandishe mezani, apewe kitu kitamu, mara nyingi iwezekanavyo. Chanjo ya kichaa huanza akiwa na miezi 3, na kinda aliyezoeshwa kushikwa mapema haji na shida nyingi siku hiyo.

---

Bi_Zuhura_Entebbe alijibu:

Mama Rahma, mimi nasema ya Pili. Nafuga paka tangu niko binti na sasa ninao wanne.

Kikapu chake kisiwe kitu kinachotokea siku ya daktari. Kitoe leo, kiweke sebuleni mahali anapopenda kulala, ndani mtandikie nguo yako iliyochakaa ambayo hujaifua, yenye harufu yako. Mlango uwe wazi wakati wote. Mpe chakula karibu nacho, kisha mlangoni, kisha ndani kabisa. Wangu wanalala mchana kutwa kwenye vikapu vyao na kupigania kile cha bluu. Kama unanunua, tafuta kinachofunguka juu, au kinachovuliwa nusu ya juu, ili daktari amchunguze akiwa amekaa kwenye nusu ya chini bila kumvuta nje kwa nguvu. Kama huna uwezo, kapu gumu la kusuka lenye mfuniko unaofungwa sawasawa linafaa. Gunia halifai. Paka kwenye gunia haoni, hapumui vizuri, na anayemfungua ndiye anayekwaruzwa.

Njiani funika kikapu kwa leso, na kiwe mapajani mwako kwenye taksi, si kuning'inizwa kwenye usukani wa boda. Ukifika usikiweke sakafuni penye mbwa, kipandishe kwenye kiti au kaunta. Usikubali abebwe kwa kukamatwa ngozi ya shingo. Zamani ilikuwa kawaida, siku hizi madaktari wa paka wenyewe wanashauri iachwe, kwa sababu paka anaganda kwa hofu na watu wanadhani ametulia. Taulo ndio mkono wako wa pili: mfunike kwa upole, kichwa kikiwa ndani kama anataka, na umtoe mguu mmoja mmoja. Kucha nakata hivyo hivyo, mbili leo, mbili keshokutwa, akiwa anasinzia.

Kabla ya kumfunga uzazi daktari atakuambia muda wa kumnyima chakula, ufuate huo. Akirudi, kama una paka mwingine nyumbani, watenganishe mpaka harufu ya dawa imwishe. Wanaweza kupigana hata kama ni ndugu waliozaliwa pamoja, kwa sababu yule aliyebaki hamtambui mwenzake.

Na hili naliandika kwa uchungu maana nimeona paka wa watu wakifa nalo: dawa ya kupe ya mbwa yenye permethrini usimpake paka, wala usimruhusu alale na mbwa aliyepakwa leo. Na dawa za kuogeshea ng'ombe msizitumie kwa mbwa wala paka bila daktari kuwapimia.

---

Afande_Mstaafu_Tororo alijibu:

Ahsante Bi Zuhura, na mhudumu wa Mbale ubarikiwe. Nimerudi na kucha kama nilivyoahidi.

Ndani ya ukucha kuna nyama yenye mshipa wa damu na wa fahamu. Ukiukata, unauma vibaya na unatoa damu nyingi, na mbwa hatakupa tena mguu huo. Ukucha mweupe unaonyesha huo mshipa kwa rangi ya waridi. Ukucha mweusi hauonyeshi kitu, kwa hiyo unakatwa kwa vipande vyembamba sana, ukitazama uso wa pale ulipokata kila mara. Mwanzoni uso huo ni mkavu na mweupe mweupe. Ukiona doa jeusi laini limetokea katikati, acha hapo hapo, mshipa uko karibu. Weka pembeni unga wa wanga wa mahindi. Damu ikitoka, bonyeza ukucha kwenye unga huo kwa dakika chache.

Mbwa anayekimbia kwenye saruji na murram kucha zake za chini husagika zenyewe. Zile za juu hazigusi chochote, ndiyo maana za Simba zimejikunja. Zikishaelekea kwenye nyama usizikate wewe, mshipa wake umerefuka pamoja na ukucha. Mwachie daktari.

Kabla hata hujaleta mkasi, mzoeshe mlio. Kata njiti za kiberiti au tambi mbichi kwa ule mkasi ukiwa umbali fulani naye, kila mlio na ini lake. Ule mlio wa kukatika ndio unaowashtua wengi kuliko kukatwa kwenyewe. Kisha gusa ukucha kwa mkasi uliofungwa. Kisha ukucha mmoja, na mmoja tu siku hiyo. Nani amesema kucha zote 18 ziishe siku moja?

Kuoga ni hivyo hivyo. Maji ya uvuguvugu, kwa kopo na si bomba la mpira lenye kasi, anza miguuni upande juu, kichwa kifutwe tu kwa kitambaa. Mati chini ya miguu asiteleze. Usimnyoe German Shepherd ati anasikia joto: manyoya yake ya tabaka mbili ndiyo yanayomkinga na jua. Mchane yale ya ndani yaliyokufa, inatosha.

---

MamaRahma_Walukuba aliandika:

Mungu awabariki wote, sikutegemea kupata haya yote. Kikapu cha Pili nimeshakitoa, kiko chini ya dirisha. Amekinusa na kukaa juu yake badala ya ndani.

Afande, swali la haraka. Mafunzo nimeyaelewa na nimeanza na bega. Lakini chanjo ni mwezi ujao na Simba kwa mwendo huu hatakuwa amefika kwenye sindano. Je, nisogeze chanjo mbele mpaka awe tayari? Na kijana wangu wa miaka 11 ndiye anayependwa zaidi na Simba, anaweza kuwa ndiye anayeshika kamba siku hiyo?

---

Afande_Mstaafu_Tororo alijibu:

Chanjo usiisogeze, binti yangu. Kuna mambo ya lazima na kuna mambo yanayoweza kungoja, na kichaa cha mbwa kiko kwenye ya lazima. Kuoga kunangoja, masikio yanangoja. Mpigie daktari wiki hii, mweleze yaliyotokea mara ile, mwombe aje nyumbani na mkubaliane kuhusu dawa ya kupunguza hofu aliyoisema mhudumu wa Mbale. Kwa kuwa Simba atakuwa amepewa dawa hiyo siku ya chanjo, mwombe azitazame na zile kucha mbili za juu. Kama zinahitaji kazi kubwa, afadhali amlaze kabisa kwa dawa azimalize kwa mara moja, kuliko kumshika kwa nguvu na kubomoa kazi unayoijenga hapo chini ya mwembe.

Siku hiyo asile sana asubuhi isipokuwa daktari amesema vinginevyo, ini lipate thamani. Daktari asiingie akielekea moja kwa moja kwa mbwa. Akae kwanza barazani, apewe chai, begi lake libaki mbali, Simba amnuse akitaka mwenyewe. Kifunga mdomo cha kikapu awe amekizoea angalau kuingiza pua. Anza nacho leo sambamba na bega, hicho kinawahi. Wewe unamlisha mbele, daktari yuko ubavuni, sindano inaingia ini likiwa mdomoni. Baada ya hapo unaendelea kumlisha vipande kadhaa mpaka daktari amerudi kwenye kiti chake.

Kijana hapana. Najua anampenda na Simba anampenda, lakini mbwa mwenye maumivu ya ghafla hung'ata kilicho karibu kabla hajaona ni nani, na mtoto uso wake uko karibu na mdomo wa mbwa. Kamba aishike baba Rahma, iwe imelegea. Kijana akae ndani na wadogo zake na mlango ufungwe, kisha daktari akiondoka atoke yeye na sahani ya mukene, akae naye.